Jike Mwenye Sura Nyingi: Kipepeo wa Msitu na Mimea Anayoitegemea



Mada niliyopewa ni pana mno: vipepeo wa msituni, wanakoishi na wanachokula. Nimeipunguza. Msitu wa Arabuko-Sokoke peke yake una aina zaidi ya 250 za vipepeo, na nikijaribu kuwapitia wote jioni hii mtarudi makwenu na orodha ya majina na si zaidi. Kwa hiyo nitamshughulikia mmoja tu, Papilio dardanus, na kwa ufupi nitamwita Dardanus.

Nimemchagua kwa sababu ana kesi ya kujibu. Kipepeo huyu amewasumbua wataalamu tangu karne ya 19, na bado nadhani tunapozungumzia makazi yake tunasahau nusu ya habari. Tunahesabu mimea anayokula yeye. Kuna mimea mingine ambayo hajawahi kuigusa kwa mdomo maisha yake yote, na ikitoweka yeye naye mambo yake yanaharibika. Huko ndiko ninakotaka tufike.

Tuanze na dume, maana dume hana mafumbo. Ni wa rangi ya manjano hafifu, na ukingo mweusi umezunguka mabawa yake. Mabawa ya nyuma yamechongoka na kuwa na mikia miwili, kama ilivyo kwa wengi wa jamii yake. Utamwona asubuhi jua likishapanda, akipita kwenye njia za msituni na pembezoni mwa miti, huku na kule, harakaharaka, kana kwamba amepoteza kitu. Anatafuta majike. Ukisafiri kutoka Afrika Magharibi hadi Natal kule Afrika Kusini, ukapitia Kongo, Uganda, Kenya na Tanzania, dume utakayemwona popote ni yuleyule, tofauti zake ni ndogo sana.

Jike ndiye mwenye vituko. Hapa pwani wengi wao ni weusi wenye mabaka makubwa meupe, na mkia hawana. Wengine ni wa rangi ya machungwa, na ncha za mabawa ni nyeusi zenye baka jeupe. Wengine tena ni weusi wenye madoa madogo ya manjano na meupe. Ukiwachukua vipepeo wote wa aina hii barani Afrika kwa pamoja, sura za majike zinapita kumi. Na hizo zote, pamoja na yule dume wa manjano, ni aina moja ya kipepeo. Jike mmoja anaweza kutaga mayai ambayo yatatoa mabinti wasiofanana hata kidogo, wala wao kwa wao wala na mama yao.

Si ajabu basi kwamba wakusanyaji wa Ulaya waliwapa majina tofauti. Dume alielezwa kwa mara ya kwanza mwaka 1776. Majike walipofika kwenye makabati ya makumbusho, kila sura ilipewa jina lake kama aina ya pekee. Mtu aliyefumbua macho alikuwa Roland Trimen, mtumishi wa serikali huko Cape, Afrika Kusini, aliyependa vipepeo. Mwishoni mwa miaka ya 1860 aliwaambia wanasayansi wa London kwamba hao mnaowaita aina nyingi ni wake wa bwana mmoja. Wapo waliomcheka. Ushahidi usiokanushika ulipatikana pale watu wa Natal walipomchukua jike mmoja, wakamwacha atage kwenye mti unaofaa, wakalea viwavi hadi wakatoka wakubwa: madume wa manjano wenye mikia, na majike wa sura mbalimbali, wote kutoka mayai ya mama mmoja.

Sasa kwa nini? Jibu lilikuwa limeshaandikwa miaka michache kabla. Mwaka 1862, Henry Walter Bates, aliyekuwa ameishi miaka mingi kwenye misitu ya Amazon, alieleza kwamba kipepeo mtamu kwa ndege anaweza kunusurika akifanana na kipepeo mwenye sumu. Dardanus ni mtamu. Majike wake wanafanana na wale wasiolika. Yule mweusi wa mabaka meupe anamwiga Amauris niavius, kipepeo anayeelea polepole kwenye kivuli cha msitu bila haraka wala wasiwasi. Yule wa rangi ya machungwa anamwiga Danaus chrysippus, ambaye bila shaka mmemwona, maana huyo hata mashambani na kando ya barabara yupo. Yule wa madoa madogo anawaiga ndugu wengine wa Amauris. Na kuiga si kwa rangi tu. Jike wa Dardanus akiwa shwari hupaa polepole kama mwigwa wake, yaani yule anayemwiga. Ukimshtua ndipo husahau igizo na kukimbia kwa mwendo wa jamii yake.

Hapa tuulize swali ambalo mara nyingi hurukwa: sumu ya mwigwa inatoka wapi? Haitengenezwi mwilini kutokana na hewa. Inatoka kwenye mimea. Viwavi wa Danaus hula mimea ile inayotoa utomvu mweupe ukivunja tawi, yenye kemikali zinazoathiri moyo. Kiwavi hadhuriki nazo. Anaziweka akiba mwilini, na zinabaki humo hata anapogeuka kipepeo. Mmarekani Lincoln Brower, katika miaka ya 1960, aliwapa ndege waliowekwa kizuizini kipepeo wa kwao anayeitwa monarch, ambaye ni ndugu wa karibu wa huyu Danaus wetu. Ndege alikula, baada ya muda mfupi akatapika, na tangu siku hiyo akawa anamkataa kwa kumwona tu, bila hata kumwonja. Ndege hazaliwi akijua. Anafunzwa na tumbo lake.

Viwavi wa Amauris nao hula mitambaa ya familia moja na mimea hiyo, kama vile Gymnema na Tylophora, inayopanda juu ya vichaka pembezoni mwa msitu. Gymnema mmoja, Gymnema sylvestre, una tabia ya kuchekesha: ukitafuna jani lake kisha ukalamba sukari, ladha ya utamu imeondoka, inabaki ulimini kama mchanga. Mmea wa kupoteza utamu unamlea kipepeo asiye mtamu. Hiyo ni sadfa tu, msiniulize maana yake.

Tena hawa Amauris na Danaus wana tabia ya kula ambayo sijaona inatajwa vya kutosha katika Kiswahili. Madume wao hawatosheki na maji matamu ya maua. Utawakuta wamejazana kwenye matawi yaliyonyauka ya Heliotropium, magugu ya kawaida kabisa ambayo mtu ameyang'oa na kuyatupa juani. Hakuna ua pale, hakuna unyevu. Kipepeo anakunjua mrija wake, anatoa tone la majimaji juu ya jani kavu, kisha analifyonza tena likiwa limeyeyusha kemikali chungu za mmea huo. Sehemu anaitumia kutengeneza harufu ya kumtongozea jike, na sehemu inabaki mwilini kama kinga. Dume asiyeipata kemikali hiyo hana harufu ya kujivunia. Kwa hiyo hata magugu yaliyofyekwa na kuachwa yanyauke yana kazi katika hadithi yetu.

Mwigaji, yeye, anaishi kwa jina la mwenzake. Fikirieni mtaa wenye nyumba zilizobandikwa kibao cha MBWA MKALI getini. Mwenye kibao bila mbwa analala usingizi mnono kwa sababu nyumba mbili tatu za jirani zina mbwa kweli, na wezi wameshaumwa. Vibao vikizidi mbwa, mwizi mmoja atajaribu, atakuta ua mtupu, na habari itaenea. Ndivyo ilivyo kwa Dardanus. Ndege mchanga, tuseme mlamba aliyetua kwenye tawi kavu, akimwonja kwanza Amauris atajifunza kuogopa weusi wenye mabaka meupe. Akimwonja kwanza jike wa Dardanus atajifunza kinyume chake, na hasara itawapata wote wawili. Waigaji wanafaidika wakiwa wachache kuliko waigwa. Hiyo ndiyo sababu kubwa ya majike kuwa na sura nyingi: sura moja ikianza kuwa ya kawaida mno faida yake hupungua, na sura nyingine yenye mwigwa mwingine hupata nafasi.

Mtauliza kwa nini dume haigi. Sababu mbili hutolewa, nami naona zote zina uzito. Kwanza, jike ndiye mwenye hatari kubwa. Ana mayai tumboni, ni mzito, na lazima azurure chini kwenye vichaka jani kwa jani akitafuta mahali pa kutaga, huku ndege wakimwona. Pili, inadhaniwa kwamba jike anamtambua dume kwa rangi na mkia wake, na madume wenyewe hutambuana na kufukuzana kwa alama hizo. Dume aliyejificha ndani ya sura ya kigeni angeokoka na ndege akakosa mke.

Kwamba mwigo humtegemea mwigwa si nadharia ya darasani tu. Nendeni Madagaska. Dardanus yupo huko, lakini jike ana manjano na mkia kama dume. Ngazidja, Komoro, vilevile. Huko Amauris niavius hayupo. Ethiopia wako katikati: majike wengi wana sura ya dume, na wachache wameiga, lakini hata hao walioiga wamebaki na mkia, kama mtu aliyevaa sare ya askari akasahau kubadili viatu. Nawatahadharisha tusirahisishe mno, kwa sababu Danaus yupo Madagaska na bado hakuigwa. Historia ya kila kisiwa ina lake. Hata hivyo mwelekeo unaonekana.

Mfano unaonigusa zaidi ni wa hapa hapa kwetu. Katika miaka ya 1930 mwanajenetiki Mwingereza E. B. Ford alilinganisha vipepeo waliokusanywa karibu na Entebbe na waliokusanywa karibu na Nairobi. Entebbe, ambako waigwa walikuwa wengi kupita kiasi, majike walioiga vibaya walikuwa wachache sana, kama 4 katika kila 100. Karibu na Nairobi, ambako waigwa walikuwa adimu kuliko waigaji, karibu theluthi ya majike walikuwa na sura zilizovurugika, nusu hivi nusu vile. Wapo waliokuja kutoa maelezo mengine, kwamba nyanda za juu za Kenya ni mahali ambapo jamii mbili za Dardanus zinakutana na kuchanganyika, na hilo nalo lina ukweli wake. Lakini maelezo ya Ford bado yana nguvu: asipokuwapo mwenye sumu wa kutosha, ndege hana sababu ya kutofautisha mwigo mzuri na mbovu, na mwigo unalegea.

Sasa tumrudie Dardanus mwenyewe na chakula chake. Kila mwenye mndimu uani anamjua binamu yake, yule kiwavi anayefanana na kinyesi cha ndege akiwa mdogo, kisha anageuka kijani, na ukimgusa anatoa pembe mbili laini nyuma ya kichwa zenye harufu kali. Huyo ni wa Papilio demodocus, aliyehamia kwenye mindimu na michungwa yetu na kuwa msumbufu wa vitalu. Dardanus ni wa familia hiyohiyo na anakula mimea ya familia hiyohiyo ya michungwa, lakini ameshikilia zaidi ile ya msituni: Clausena anisata, kichaka ambacho ukisugua jani lake harufu inabaki vidoleni, na miti midogo ya Teclea na Vepris inayoota chini ya kivuli cha miti mikubwa.

Mtazameni jike anapotafuta. Hatui na kutulia. Anashuka juu ya jani, mabawa yakipiga bado, na kwa sekunde moja anaugongagonga uso wa jani kwa miguu ya mbele. Miguu hiyo ina vinyweleo vinavyoonja. Jani si lenyewe, anaondoka. La pili, la tatu, la kumi. Akilipata lenye ladha anayoitaka anakunja tumbo na kuacha yai moja, duara, la manjano hafifu, halafu anakwenda zake. Yai moja kwenye jani moja, hataki kuweka mali yote mahali pamoja. Kiwavi akimaliza kukua anajifunga kwenye kijiti kwa uzi kiunoni na kuwa pupa ya kijani iliyobapa, ambayo ukiitazama haraka utasema ni jani. Baada ya wiki mbili hivi mkubwa anatoka.

Huyo mkubwa ananyonya maua tu. Hapati protini humo, kwa hiyo nguvu ya mayai imetokana kwa sehemu kubwa na majani aliyokula akiwa kiwavi. Madume huongezea chumvi: mvua ikikatika utawakuta kwenye mchanga wenye maji kando ya kijito, au pale mnyama alipokojoa, wakifyonza maji na kuyatoa nyuma, wakibakiza chumvi. Tusiwachanganye na wale wa jamii ya Charaxes, vipepeo wa misuli walio wakali, wanaodharau maua na kufuata maembe yaliyooza, utomvu wa miti uliochacha, kinyesi cha chui na mizoga. Ukitaka kumnasa Charaxes unaweka ndizi zilizovundishwa ndani ya mtego. Dardanus atapita juu ya ndizi hizo bila hata kuzitazama.

Niruhusuni nichepuke kidogo kwenda Liverpool, kwa sababu sehemu hii ya habari inawahusu akina mama wengi walioko hapa. Mwaka 1952 daktari mmoja wa hospitali, Cyril Clarke, aliyefuga vipepeo kama burudani, alianza kushirikiana na mwanajenetiki Philip Sheppard. Dardanus hakubali kirahisi kuoana akiwa kifungoni, hivyo Clarke alikuwa akiwashika, dume mkono huu na jike mkono ule, na kugusanisha ncha za matumbo yao mpaka wakashikana. Kwa njia hiyo waliweza kumwozesha dume wa nchi moja na jike wa nchi ya mbali, na wakagundua kwamba sura zote zile zinaendeshwa na sehemu moja tu ya urithi. Dume anaibeba pia, ila haionekani mwilini mwake. Utafiti uliochapishwa 2014 uliipata sehemu hiyo karibu na jeni iitwayo engrailed, ambayo wanasayansi walikuwa wameshaijua kwa inzi wadogo wa matunda.

Clarke na Sheppard waliona kwamba urithi wa sura hizi unafanana na urithi wa kundi la damu la Rhesus. Udadisi huo ukawavuta kwenye tatizo la mama mwenye damu ya Rhesus hasi anayebeba mtoto wa Rhesus chanya, ambapo mwili wa mama hujenga silaha dhidi ya damu ya mtoto, na mtoto anayefuata huweza kufa. Husimuliwa kwamba mke wa Clarke, Féo, ndiye aliyemwamsha usiku akamwambia wawapatie akina mama kingamwili zilezile wanazotaka kuzizuia, naye akajibu kwa usingizi kwamba hizo ndizo wanazozipiga vita. Asubuhi likaonekana ni wazo zuri. Sindano ya anti-D inayotolewa leo kliniki, hapa na kwingineko, imetokana na kazi ile. Kwa hiyo mtu akiwaambia kwamba kuchunguza vipepeo ni kupoteza fedha za umma, mna la kumjibu.

Nirudi msituni. Mwaka 1993 ulianza Gede, chini ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya, mradi wa Kipepeo. Watu wanaouzunguka Arabuko-Sokoke walifundishwa kunasa majike, kuwatagisha kwenye vizimba, kulea viwavi na kuuza pupa zinazopelekwa kwenye nyumba za vipepeo za Ulaya na Marekani. Dardanus ni mmoja wa wanaofugwa. Wakati ule wengi wa majirani wa msitu walitaka ukatwe wapate mashamba, na mapato ya pupa yamesaidia kubadili mawazo. Usambara Mashariki, Tanzania, walianzisha mradi kama huo Amani, na Pete kisiwani Unguja, karibu na Jozani, pia. Mwaka 2016 Tanzania ilipopiga marufuku usafirishaji wa wanyamapori hai, vijiji vya wafugaji wa vipepeo viliumia. Marufuku ilikuwa na sababu zake, lakini kuweka kiwavi aliyelelewa kwenye kizimba cha mkulima fungu moja na nyani aliyetekwa porini, mimi naona ilikuwa hukumu ya haraka mno.

Ninachotaka kusema kuhusu ufugaji ni hiki. Mkulima anaweza kupanda Clausena kando ya nyumba yake na kumzalisha Dardanus vizuri, miaka na miaka. Kinachoweza kupotea ni mwigo. Ndani ya wavu hakuna mlamba wa kumhukumu jike mbaya, na ndani ya nyumba ya vipepeo ya Ulaya hakuna ndege wa kumwinda. Mwigo unakaa mahali ambapo wote wanne wanaishi: mwigaji, mti anaokula, mwigwa, na mtambaa wenye sumu unaomlea mwigwa. Halafu ndege. Mtu akifyeka ukingo wa msitu akabakiza miti mikubwa, kwenye ramani msitu upo vilevile. Lakini mitambaa ile imekwenda, maana huota pale penye jua la ukingoni. Amauris wanapungua, na Dardanus ambaye mti wake haukuguswa anabaki na kibao bila mbwa. Ukipima makazi yake kwa kuhesabu Teclea na Clausena peke yake, utaandika kwamba kila kitu ni salama.

Kwa hiyo nawaomba wale wanaotunza misitu midogo, misitu ya makaya, hifadhi za vijiji, hata kipande nyuma ya shule: mnapoandaa orodha ya mimea ya kulinda, mitambaa ya utomvu mnayoiona kama magugu muiweke humo, pamoja na Heliotropium iliyoko njiani.

Na kama mnataka kuwapima wenyewe, njia ni rahisi. Mkimkuta kipepeo mweusi wa mabaka meupe kwenye ua, msitazame rangi, rangi itawadanganya kama inavyomdanganya ndege. Mtazameni anavyokula. Amauris hutulia na kufunga mabawa. Jike wa Dardanus huendelea kupigapiga mabawa huku ananyonya. Ukiweza kusogea karibu zaidi, hesabu miguu aliyosimamia: Amauris husimama kwa minne, ile miwili ya mbele ameikunja kifuani, midogo mno kuonekana. Dardanus husimama kwa sita. Andikeni kila siku mmewaona wangapi wa minne na wangapi wa sita, ukingo gani, mwezi gani. Wa sita wakianza kuwazidi wa minne, nendeni mkaangalie ni nani aliyefyeka mitambaa.